Malini Fonseka, malkia wa sinema ya Kisinhala: mbona kiti cha dairekta alikikalia mara chache hivyo?

#1 Kaskazi_Tupu
Habari wakuu.

Wiki iliyopita nimeangalia picha moja ya Sri Lanka inaitwa Nidhanaya, ya 1972, nyeusi na nyeupe, dairekta Lester James Peries. Nidhanaya maana yake Hazina. Jamaa wa ukoo mkubwa anaishi kwenye jumba la mababu, mali imekwisha, madeni yamemkaba, anaamini kuna hazina imefichwa mahali na haifunguki mpaka imwagike damu ya mwanamke bikira mwenye alama nne shingoni. Anamtafuta huyo mwanamke, anampata, anamuoa kabisa kwa ndoa. Sasa wewe mtazamaji unajua kilichompeleka pale, mke hajui, anapika, anapanga nyumba, anampenda mumewe. Toka nimeimaliza sijatulia.

Huyo mke ndo Malini Fonseka. Nikaanza kumfuatilia. Kazaliwa 30 Aprili 1947 Peliyagoda, pembeni tu ya Colombo, kafariki 24 Mei 2025 akiwa na miaka 78 na serikali ikamuaga kwa heshima zote za kitaifa. Kacheza filamu zaidi ya 100, watu wa kwao wanamwita malkia wa sinema ya Kisinhala, lugha ya watu wengi kule. Na kumbe aliongoza filamu pia, Sasara Chethana ya 1984, Ahinsa ya 1987, Sthree ya 1991. Hapo ndipo nimekwama. Mtu mwenye jina kubwa namna hiyo, nchi nzima inamjua, kuigiza mara mia na zaidi, kuongoza mara za kuhesabu vidole. Dai langu ni kwamba alibaniwa. Wenye kujua zaidi karibuni.

#2 Dogo_Mabibo
Mkuu ungeandika mapema kwamba unahadithia, mi ndo nilikuwa naitafuta hiyo picha 😭 Haya tuambie basi, steringi anamuua mkewe au hamuui?

#3 Kaskazi_Tupu
@Dogo_Mabibo hapo sisemi hata kwa pesa. Kaangalie.

#4 Kipepeo_Mweusi
Mada nzuri. Naongezea kidogo, Malini ndo mwanamke wa kwanza kuongoza filamu Sri Lanka, na huyo mwanaume kwenye Nidhanaya ni Gamini Fonseka kaka yake. Familia nzima waigizaji.

#5 Mwl_Mstaafu
@Kipepeo_Mweusi umechanganya mambo mawili kijana wangu, nikurekebishe kwa upole.

Gamini Fonseka na Malini Fonseka sio ndugu, wamegongana jina la ukoo tu. Gamini alikuwa staa mkubwa kabla ya Malini, na yeye pia aliongoza filamu, halafu akaingia bungeni akawa naibu spika. Kweli Malini ana wadogo zake na ndugu waliofuata kwenye fani, hata Samanalee Fonseka anayeigiza saivi ni binti wa kaka yake, lakini Gamini hayumo.

La pili, Sasara Chethana ni 1984. Sumitra Peries, mke wa huyo Lester aliyeongoza Nidhanaya, alishatoa Gehenu Lamai mwaka 1978, maana yake Wasichana. Akatoa Ganga Addara 1980 na Yahalu Yeheli 1982. Yaani Malini anakaa kwenye kiti, mwenzake ana filamu tatu mkononi na ya nne, Maya, inatoka mwaka huohuo. Kinachosemwa kuhusu Malini kuwa wa kwanza ni upande wa tamthilia za televisheni, aliongoza moja inaitwa Nirupamala. Nadhani hapo ndipo ulipochanganya.

#6 Kipepeo_Mweusi
Shikamoo mwalimu, nimekuelewa. Ila kugongana jina la ukoo wote wawili, tena wanacheza mke na mume, mtu lazima achanganye 😀

#7 Mwl_Mstaafu
Marahaba. Majina hayo Sri Lanka yamejaa: Fonseka, Perera, Fernando, de Silva. Ni Mreno huyo. Ukikutana na Perera wawili usidhani wametoka tumbo moja.

#8 Bi_Hariri
Jamani huu uzi umenikuta pabaya. Mimi ni mhariri wa picha, nimeanza kukata filamu zetu hizi za Dar tangu zama za sidii mpaka leo niko kwenye tamthilia. Nataka niseme kitu kuhusu Sumitra maana naona mnampitia haraka.

Sumitra hakuanzia kwenye kiti cha dairekta. Alienda London miaka ya 50 kusoma filamu na darasani mwanamke alikuwa yeye peke yake. Akarudi, akawa msaidizi wa Lester kwenye Sandesaya ya 1960, kisha akawa mhariri. Gamperaliya ya 1963 ambayo ilichukua tuzo kubwa New Delhi kaikata yeye. Sasa hesabuni, toka arudi na shahada yake mpaka aongoze filamu yake ndefu ya kwanza ni karibu miaka 20. Ishirini! Na huyo ni mtu mwenye elimu ya Ulaya, mume dairekta anayeheshimika dunia nzima, na ukoo wa siasa, hawa Gunawardena wa Boralugoda ambao mjamaa mkubwa wa kule Philip Gunawardena alikuwa baba yake mdogo au mkubwa, sina hakika tu na mpangilio wa kuzaliwa kwao. Kama huyo alisubiri miaka 20, Malini wa Peliyagoda, aliyetoka kwenye jukwaa la maigizo bila shule ya filamu, mnategemea nini?

Kwa hiyo mkuu Kaskazi mimi nakuunga mkono lakini sio kwamba kuna mtu mmoja kakaa mahali akambania. Wanaomiliki pesa walikuwa wanataka sura yake mbele ya kamera, basi. Ukimuondoa mbele ukamuweka nyuma, wao wanaona wamepoteza.

#9 Mzee_wa_Projekta
Nawasalimu. Mimi nilikuwa naendesha mashine kwenye jumba la sinema Tanga miaka ya sabini mwishoni mpaka themanini na kitu. Picha za Kisinhala sikuwahi kuzipokea hata moja, kwetu zilikuwa zinakuja za Kihindi, za karate na za wale wa Italia wenye farasi. Lakini nimefurahi kusikia mambo ya mikanda.

Nataka kuongezea kwa Bi Hariri. Sisi kwenye sinema tulikuwa tunaijua biashara kwa mlangoni. Watu walikuwa hawaulizi nani kaongoza. Wanauliza nani steringi. Ukiandika ubaoni jina la steringi foleni inafika barabarani. Jina la dairekta hata tungeandika kwa wino wa dhahabu hakuna ambaye angesoma. Sasa mwenye pesa akiwa na Malini, kila siku anayomuacha nyuma ya kamera ni siku ambayo hakumuweka kwenye ubao. Ndivyo alivyoona yeye hata kama sio haki.

#10 Dogo_Mabibo
Mzee wangu heshima yako, kumbe humu tuna watu wa mikanda yenyewe. Ilikuwa inakatika kweli katikati ya picha watu wanapiga kelele?

#11 Mzee_wa_Projekta
Ilikuwa inakatika sana mwanangu. Unaunga kwa gundi gizani, wanarusha maganda ya machungwa. Na ukiunga unakata vipande viwili vitatu vilivyoharibika, kwa hiyo picha ikizunguka mikoa kumi ikifika kwangu imeshapungua. Kuna mapenzi watu wa Tanga hawakuyaona mpaka leo.

#12 Mtaalamu_wa_Tarakimu
Wote mnazungumzia Malini kana kwamba soko lilikuwa palepale. Angalieni miaka.

1979 Sri Lanka waliuza tiketi za sinema zaidi ya milioni 70. Nchi yenyewe ilikuwa na watu hawafiki milioni 15. Kila mtu, na mtoto wa mgongoni, tiketi karibu tano kwa mwaka. Hapo Malini ndo yuko kileleni, 1978 peke yake yumo kwenye Bambaru Avith ya Dharmasena Pathiraja, yumo Siripala Saha Ranmenika, na kaenda kucheza filamu ya Kitamil Pilot Premnath na Sivaji Ganesan mwenyewe, yule staa mkubwa wa Kitamil wa India.

Sasa yeye kaingia kuongoza lini? 1984. Kati ya hapo na 79 kimetokea nini? Televisheni imeingia, ITN 1979, Rupavahini 1982. Videokaseti zimeingia. Na Julai 1983 yakatokea yale mauaji ya Watamil Colombo. Wafanyabiashara wengi wa filamu walikuwa Watamil. Studio ya Vijaya kule Hendala, ya K. Gunaratnam, ikachomwa moto na negativu za filamu, yaani mikanda ya asili, ndani yake. Dairekta K. Venkat akauawa. Majumba ya sinema yakachomwa. Yaani mtu anaanza kujenga na nyumba inaungua.

Kwa hiyo hoja yangu, hakubaniwa. Alichelewa. Angeanza 1976 tungekuwa tunaongea habari nyingine leo.

#13 Kaskazi_Tupu
Daah @Mtaalamu_wa_Tarakimu hii ya 83 sikuwa nimeiunganisha kabisa. Ukiitazama hivyo filamu zake tatu nilizotaja zote zimeangukia ndani ya vita ya serikali na waasi wa Kitamil. 1984 vita imeanza mwaka tu uliopita. 1987 ndo jeshi la India limeingia kaskazini na vijana wa JVP, waasi wa mrengo wa kushoto, wameanza kuua kusini. 1991 bado. Na ile ya 87 kaiita Ahinsa, yaani kutodhuru kiumbe. Kaweka jina hilo mwaka huo.

#14 Bi_Hariri
@Mtaalamu_wa_Tarakimu takwimu zako sizikatai. Lakini kuna swali hujalijibu. Kwa nini Sumitra hakusimama? Yeye kapita kwenye moto huohuo, katoa filamu 1984, katoa 1988, katoa 1996, 1997, 2003, 2007, na ya mwisho Vaishnavee 2018 akiwa na zaidi ya miaka 80. Kama ni soko, soko lilikuwa moja.

#15 Mtaalamu_wa_Tarakimu
Dada hapo unanikaba kidogo. Ila tazama, Sumitra filamu zake zilikuwa na pa kwenda nje ya nchi, matamasha, wakosoaji wa London na Paris wanamjua, mpaka kawa balozi wa Sri Lanka Ufaransa miaka ya 90. Malini filamu zake zilitegemea mtu wa Kelaniya atoe hela mfukoni anunue tiketi. Soko la ndani likifa, mmoja anapumua na mwingine hapumui.

#16 Shangazi_Muscat
Assalam alaykum wenangu. Mie nipo Muscat mwaka wa kumi na nne sasa, asili yangu Unguja. Kazini tuko na wanawake wa Sri Lanka watano, nnakaa chumba kimoja na mmoja wao, mtu mzima kunishinda mie. Siku alipokufa huyu Malini mwaka jana nakumbuka kama jana. Nilirudi zamu nikamkuta kakaa kitandani na simu, analia, nikadhani kapata msiba kwao. Nikamuuliza kwa Kiarabu chetu cha kuvunja, nani? Akanionesha picha ya bibi kizee mzuri mno. Nikamwambia jamaa yako? Akasema hapana, huyu wa wote.

Basi usiku ule hatukulala, akawa ananiwekea vipande kwenye simu na ananifasiria. Kuna kipande kimoja yuko ufukweni kijiji cha wavuvi, nilijua bahari ile sio yetu lakini mashua na nyavu na wanawake wanavyoanika samaki, utasema Nungwi.

#17 Mwl_Mstaafu
Wa alaykum salaam Shangazi. Bila shaka hiyo ni Bambaru Avith aliyoitaja mwenzetu hapo juu. Ilipigwa Kalpitiya, pwani ya magharibi. Jina maana yake Nyigu Wamekuja. Vijana wa mjini wanakwenda kijijini kununua samaki, mmoja kachezwa na staa Vijaya Kumaratunga, wanakivuruga kijiji. Malini ni binti wa pale pwani. Ukiniuliza mimi, ndani ya picha hiyo amefanya kazi kubwa kuliko hata Nidhanaya.

#18 Kaskazi_Tupu
Mwalimu hapo tutagombana 😀 Nidhanaya iko juu. Pale yuko ndani ya jumba, hana pa kwenda, na uso wake ndo unabeba kila kitu.

#19 Mwl_Mstaafu
Uso anao kote. Kule Kalpitiya ana na mwili, anatembea mchangani kama mtu aliyezaliwa mchangani. Uso mzuri unaweza kuwashwa taa ukafanya kazi. Mwendo huwezi kuuwashia taa.

#20 Kwetu_Mvita
Salamu kutoka Mombasa. Mwalimu umetaja Wareno na majina ya Fonseka nami nikaona niongeze. Almeida, yule Mreno aliyeiteka Kilwa na kuichoma Mombasa 1505, mwanawe Lourenço ndiye aliyefika kisiwa hicho cha Sri Lanka mara ya kwanza. Baba kaharibu huku, mwana kaanza kule. Na waona maneno waliyotuachia: sisi twasema meza, wao wasema mesaya. Sisi leso, wao lensuwa. Sisi sapatu, wao sapattu.

#21 Shangazi_Muscat
Wee! Sapatu kweli! Mwenzangu husema sapattu kila siku akitafuta viatu vyake na mie siku zote nikidhani kajifunza kwangu.

#22 Dogo_Mabibo
😂😂 Shangazi umedai hakimiliki ya Mreno

#23 Kwetu_Mvita
Na Puttalam, karibu na hapo Kalpitiya mwalimu aliposema, kuna jamii ya watu asili yao Afrika, Wareno waliwapeleka. Lugha ya kwao imewatoka lakini nyimbo wanazo, waziita manja. Nimeona video yao, ngoma ile ukiipigia watu wa Lamu watasimama.

#24 Kipepeo_Mweusi
Tunarudi kwa Malini au tumehamia Kilwa? Nina swali la kweli. Filamu ya kwanza ya Kisinhala ni Rekava si ndiyo? Naona inatajwa sana.

#25 Mwl_Mstaafu
Hapana. Filamu ya kwanza yenye sauti ya Kisinhala ni Kadawunu Poronduwa, Ahadi Iliyovunjwa, imeonyeshwa 21 Januari 1947, na ilitengenezwa India kusini, sio Sri Lanka. Miaka mingi walikuwa wanasafirishwa waigizaji kwenda India kupiga picha ndani ya studio, nyimbo na kila kitu kwa mtindo wa Madras. Rekava ni ya 1956, Lester alitoa kamera nje akapiga kijijini kwenye jua la kweli, ndiyo maana inatajwa.

Na kwenye hiyo ya 1947 steringi wa kike alikuwa Rukmani Devi, mwimbaji na mwigizaji, mzaliwa wa familia ya Kitamil ya Kikristo, jina lake la kuzaliwa Daisy Daniels. Fikiria, nyota wa kwanza wa kike wa filamu za Kisinhala hakuzaliwa Msinhala. Alikufa kwa ajali ya gari Oktoba 1978.

#26 Kaskazi_Tupu
Mwalimu subiri. Januari 1947 filamu ya kwanza, Aprili 1947 Malini anazaliwa. Huyu mama na sinema ya kwao ni rika moja, wamepishana miezi mitatu.

#27 Mwl_Mstaafu
Ndiyo. Na Rukmani Devi anakufa mwaka ambao Sumitra anatoa Wasichana. Mwaka 1978 ni mwaka mzito sana kule.

#28 Bi_Hariri
Naomba nirudi kwenye hoja maana nina jambo langu la kusema na nimelizungusha.

Mwaka fulani kulikuwa na mwigizaji mmoja hapa Dar, sitamtaja, kwenye kava za sidii uso wake ulikuwa haukosi. Alikuja kwangu na hadithi kaiandika mwenyewe kwenye daftari la shule, kurasa zote, mbele na nyuma, hadithi ya mjane na ardhi. Anataka aiongoze. Tulienda kwa msambazaji mmoja. Yule baba kasoma kurasa tatu, kasema nzuri, lakini wewe uwe ndani, kuongoza tumpe fulani. Dada akasema nitakuwa ndani na nitaongoza. Akaambiwa huwezi kujiona. Yaani huwezi kujiona mwenyewe ukiwa unaigiza, utajuaje umekosea. Na wanaume kibao wakati huohuo walikuwa wanaigiza, wanaongoza, wanaandika, mpaka wimbo wa mwisho wanaimba wao, hakuna aliyewauliza kama wanajiona.

Akakataa. Hadithi ikabaki kwenye daftari. Miaka miwili baadae akaacha kabisa kuigiza. Daftari ninalo mimi mpaka leo.

Kwa hiyo mtu akiniambia Malini alipiga filamu chache tu, mimi nashangaa alivyozipata hizo chache.

#29 Mzee_wa_Projekta
Bi Hariri pole sana. Hilo daftari lisikae bure.

#30 Mtaalamu_wa_Tarakimu
Nimeisoma mara mbili hiyo dada. Sina la kubishana nayo. Ila nabaki na moja, Gamini Fonseka yeye aliigiza na kuongoza filamu zake, kwa hiyo kule mlango wa staa kuwa dairekta ulikuwepo.

#31 Bi_Hariri
Ulikuwepo kwa Gamini. Ndo ninachosema.

#32 Mpiga_Mbizi
Kuna maelezo mengine hamjayagusa. Huenda hakutaka. Mbona tunadhani kila mwigizaji anatamani kuwa dairekta, kana kwamba kuigiza ni ngazi ya chini? Mtu kaanza jukwaani bado binti, wameona anavyocheza kwenye igizo wakamchukua kwenye Punchi Baba mwaka 1968, toka hapo hajapumzika. Kacheza Beddegama ya 1980, hadithi ya kijiji cha msituni ya mwandishi Mwingereza Leonard Woolf, ambayo Arthur C. Clarke yule mwandishi wa mambo ya anga ndiye alicheza hakimu. Kacheza Akasa Kusum ya Prasanna Vithanage mwaka 2008, ana miaka 60 na ushee, anacheza staa wa zamani ambaye watu wamemsahau. Mtu mwenye uwezo huo labda aliongoza pale tu alipokosa mtu wa kumwandikia anachotaka kucheza. Akipata wa kumwandikia, anarudi kwenye kazi yake anayoipenda.

CNN 2010 wakamuweka kwenye orodha ya waigizaji 25 bora wa Asia wa wakati wote. Waigizaji. Hiyo ni hazina tosha.

#33 Kipepeo_Mweusi
Na 2010 hiyohiyo akaingia bungeni viti vya orodha ya taifa, upande wa Rajapaksa, rais wa wakati huo. Hapo ndo alinipoteza mimi.

#34 Mpiga_Mbizi
@Kipepeo_Mweusi waigizaji wa kule na siasa ni kitu kimoja. Gamini mbunge. Vijaya Kumaratunga aliyecheza naye picha nyingi alianzisha chama, akapigwa risasi nje ya nyumba yake Februari 1988, na mjane wake Chandrika akaja kuwa rais 1994. Malini kuwa mbunge miaka mitano sio ajabu.

#35 Kipepeo_Mweusi
Sio ajabu, lakini miaka mitano bungeni ni miaka mitano ambayo haukai nyuma ya kamera. Na mimi naongeza hiyo kwenye orodha ya sababu.

#36 Mtaalamu_wa_Tarakimu
Hiyo ni 2010. Swali la mleta mada ni miaka ya 80 na 90. Bunge halikumzuia chochote 1985.

#37 Dogo_Mabibo
Wakuu nimeiona Nidhanaya jana usiku. Kaskazi nakusamehe. Sitasema mwisho wake, ila nilikaa kimya mpaka simu ikazima chaji. Ila mbona imetakata hivyo, picha ya 1972 inang'aa kuliko tamthilia za mwaka huu?

#38 Mzee_wa_Projekta
Hiyo itakuwa imesafishwa mwanangu. Mkanda wa miaka hiyo ukiuona wenyewe una mikwaruzo kama mvua.

#39 Mwl_Mstaafu
Imesafishwa kweli. Negativu yenyewe ilipotea, wakatumia nakala za kuonyeshea zilizobaki, kazi ikafanyika maabara ya Bologna, Italia, ikaonyeshwa tena Venice 2013. Venice ndiko ilikochukua tuzo mwaka 1972. Na Gehenu Lamai ya Sumitra imesafishwa juzijuzi, ikaonyeshwa Cannes Mei 2025. Sumitra alishafariki, Januari 2023. Na Mei hiyohiyo ya Cannes ndo Malini akafa Colombo.

#40 Bi_Hariri
Zinazosafishwa ni za Lester na za Sumitra. Nauliza tu, Sasara Chethana ataisafisha nani? Ahinsa je? Kuna mtu humu aliyeiona Sthree ikiwa safi? Mimi nimetafuta toka uzi uanze, nimepata nyimbo na vipande vyenye ukungu. Tunajadili siku tatu mama huyu kama dairekta na wote humu tumeona alivyoigiza tu.

#41 Kaskazi_Tupu
Kweli kabisa Bi Hariri. Hata mimi mleta mada.

#42 Mpiga_Mbizi
Basi tumpe nafasi Shangazi, chumbani kwake ndo kuna shahidi.

#43 Shangazi_Muscat
Nipo, zamu ilinibana. Nimemuuliza mwenzangu jana. Nikamwambia watu wa kwetu wanabishana kwa nini Malini hakuongoza filamu nyingi. Kwanza kacheka, kasema Afrika mnamjua Malini? Nikamwambia wanamjua mpaka tarehe ya kuzaliwa.

Akasema Sthree kaiona, sinema ya mjini kwao, alikuwa bado msichana, walienda na mama yake na mama zake wadogo. Sthree maana yake mwanamke. Nikamuuliza ilikuwaje, akasema hakumbuki hadithi yote, anakumbuka ukumbini wanaume walikuwa wachache na mama yake alivyotoka hakusema neno mpaka wamefika nyumbani. Kuhusu kwa nini hakuongoza zaidi, kasema yeye anavyojua ni kwamba Malini alikuwa na ndugu wengi wa kuwalea, wamezaliwa kwao kumi na moja, na kuigiza ndiko kulikokuwa kunaleta mchele.

#44 Mtaalamu_wa_Tarakimu
Hiyo sababu hakuna hata mmoja wetu aliyeitaja.

#45 Mpiga_Mbizi
Inaenda na yangu lakini, kwamba kuigiza ndiyo ilikuwa kazi.

#46 Bi_Hariri
Haiendi na yako. Wewe ulisema aliipenda. Shangazi kasema ilileta mchele.

#47 Mpiga_Mbizi
Mtu hawezi kupenda kinachomletea mchele?

#48 Dogo_Mabibo
Shangazi muulize basi mama yake alisema nini walipofika nyumbani

#49 Shangazi_Muscat
Nilimuuliza mwanangu. Kasema mama alivua sapattu, akakaa, akamwambia baba leo chai utapika wewe.